Bega la Nguruwe Halitaki Haraka

Huku Ufipa baridi imeanza kuuma, mahindi yanashuka kutoka mashambani, na harusi na kipaimara zimepangwa hadi Septemba. Maana yake ni kwamba nguruwe wengi watachinjwa miezi hii. Kwa hiyo leo sitaandika juu ya chakula cha nguruwe wala dawa ya minyoo ya watoto wake. Nitaandika juu ya sufuria.

Msimamo wangu nautoa mapema ili tusipotezeane muda. Nyama ya nguruwe, hasa bega, ipikwe nyumbani, ipikwe taratibu, na ipewe saa tatu hadi nne. Nasema hivyo kwa sababu mbili: afya yako na utamu wa chakula chako. Kwa kawaida daktari anakwambia jambo moja na ulimi unakwambia lingine. Kwenye bega la nguruwe wote wawili wanakubaliana, na bado wengi wetu hatuwasikilizi.

Swali lililonikwama kooni

Miaka michache iliyopita nilikuwa na mkutano wa wafugaji katika kijiji kimoja upande wa barabara ya kwenda Laela. Nilieleza habari za tegu wa nguruwe kama nilivyofundishwa chuoni, nikamaliza kwa sentensi ambayo sisi maafisa ugani tunaipenda sana: "Hakikisheni nyama imeiva vizuri."

Mama mmoja, umri wa mama yangu mzazi, akanyoosha mkono. Akasema, "Bwana mifugo, mwanangu, kuiva vizuri ndiyo kuivaje? Sisi tukiona imebadilika rangi tunasema imeiva. Wewe kwako unaipika muda gani?"

Nikajibu, "Mpaka iive, mama." Watu wakacheka, na walikuwa na haki ya kucheka.

Ukweli ambao sikuusema siku ile nausema leo. Nilikuwa sijawahi kupika nyama ya nguruwe hata mara moja. Nilikuwa naila kitimoto jioni, baada ya kazi, kama vijana wengine. Tena wiki chache kabla ya mkutano ule niliketi na wenzangu kwenye baa moja, taa hafifu, njaa kali. Ikaletwa nyama ya kuchoma, vipande vikubwa, nje nyeusi. Nilipofika karibu na mfupa nikaona wekundu na maji maji. Nilijua kabisa naangalia nini. Lakini niliona aibu kumwita mhudumu mbele ya watu, nisije nikaitwa mjuaji. Nikaongeza pilipili, nikala.

Mtu mwenye stashahada ya mifugo alikula nyama mbichi kwa kuogopa kuchekwa, kisha akaenda kijijini kuwahutubia akina mama. Swali la yule mama ndilo lililonipeleka jikoni.

Tegu: jambo ambalo wengi tunalichanganya

Kabla ya kuwasha moto tuelewane hapa, maana hata watu waliosoma wanachanganya.

Nguruwe akila kinyesi cha binadamu mwenye tegu, anameza mayai ya tegu. Mayai yanaanguliwa tumboni mwake, yanapita kwenye damu na kujificha kwenye nyama kama vifuko vidogo vyeupe, vinavyofanana na punje za wali. Wewe ukila nyama hiyo haijaiva, kifuko kinafunguka tumboni mwako na unapata tegu, mnyoo bapa unaoweza kufika urefu wa mita kadhaa. Unaweza kukaa naye muda mrefu bila kujua.

Hatari kubwa zaidi inaanzia hapo. Mwenye tegu anatoa mayai kwenye choo chake. Mayai hayo yakifika mdomoni mwa mtu, kwa mikono isiyonawa, kwa maji, kwa mboga za majani, vifuko vinajijenga ndani ya mwili wa mtu kama vinavyojijenga kwa nguruwe. Vikifika kwenye ubongo vinaweza kuleta kifafa. Kwa hiyo anayeanguka kifafa si lazima awe yeye aliyekula nyama. Anaweza kuwa mtoto ambaye hajawahi kuionja nyama hiyo, ila anaishi nyumba moja na mjomba aliyeila ikiwa mbichi.

Shirika la Afya Duniani linasema kwamba katika maeneo mengi ambako watu wanaishi pamoja na nguruwe wanaozurura, takribani asilimia 30 ya kifafa inatokana na mnyoo huyu. Si kila kifafa, hapana. Lakini ni sehemu kubwa, na ni sehemu inayoweza kuzuilika.

Wageni hututania kwamba Sumbawanga ni mji wa uchawi, ingawa wazee wanaeleza kwamba jina lenyewe maana yake ni kutupa uchawi. Mimi nawaomba tulifuate jina hilo. Mtoto akianguka kifafa, kabla ya kumtafuta jirani aliyemroga, mpeleke hospitali. Kisha tazama wapi nguruwe wako wanakula, na nyama yako inapikwaje.

Kwa nini taratibu

Vifuko vya tegu vinakufa kwa joto. Kiini cha kipande cha nyama kikifika nyuzi joto 70, hakuna kinachobaki hai humo. Tatizo ni hilo neno "kiini". Moto mkali unaunguza nje haraka, na ndani kwenye mfupa bado kuna ubaridi. Jicho linadanganywa na ngozi nyeusi. Moto mdogo wa saa nyingi hauna udanganyifu huo, kwa sababu joto linapata muda wa kutembea hadi ndani.

Sasa upande wa utamu. Bega ni sehemu ya mkono wa mbele, na nguruwe anaufanyisha kazi mkono huo siku zote. Ndiyo maana lina mishipa na nyuzi nyeupe ngumu kati ya nyama. Ukilipika dakika 40 linakuwa kama kandambili, watu wanasema nguruwe huyu alikuwa mzee. Hapana, hukumsubiri. Zile nyuzi zikikaa kwenye joto la juu ya nyuzi 70 kwa saa kadhaa zinayeyuka na kuwa ute laini unaonata midomoni. Hapo nyama inachambuka kwa uma bila kisu.

Upishi huu wa kuchambua si wangu. Niliuona kwenye simu, video ya Wamarekani wa kusini. Huko ni chakula cha siku nyingi, na kila eneo lina viungo vyake. Mimi nilivutiwa na wale wa jimbo la Louisiana wanaoitwa Cajun. Mababu zao walikuwa Wafaransa waliohamia mashariki ya Kanada, Waingereza wakaanza kuwafukuza huko mwaka 1755, na baadhi yao wakaishia kwenye vinamasi vya Louisiana. Walikuwa wakulima na wafugaji wasio na kitu. Kabla ya majokofu walikuwa na desturi inayoitwa boucherie: majirani wanakusanyika, wanachinja nguruwe, wanagawana kazi, wanagawana nyama, hakuna kinachotupwa. Nilipoisoma habari hiyo nikasema, mbona hawa ni watu wa kwetu.

Viungo vyao vikuu ni vitunguu, pilipili hoho, kitunguu saumu, pilipili manga, pilipili nyekundu kavu na majani ya harufu. Ukiacha hayo majani, vyote vipo sokoni Sumbawanga. Kisichopatikana kiache, usikisumbukie.

Namna ninavyopika

Kwa kilo 2 za bega lenye mfupa na mafuta yake:

1. Nunua nyama yenye muhuri wa mkaguzi. Ikate vipande vya ukubwa wa ngumi. Wakati wa kukata angalia kila uso wa nyama. Ukiona vifuko vyeupe kama punje za wali, simama hapo hapo, usipike, mwite afisa mifugo.

2. Changanya kijiko kimoja cha chakula cha chumvi, kijiko kimoja cha pilipili nyekundu kavu iliyosagwa (punguza kama kuna watoto), kijiko cha chai cha pilipili manga, na kichwa kizima cha kitunguu saumu kilichotwangwa. Paka nyama yote, funika, iache saa moja au mbili mahali pa baridi.

3. Nawa mikono kwa sabuni. Osha kisu na ubao kabla hujakatia kachumbari. Wengi wanapika nyama vizuri kisha wanakata nyanya kwa kisu kile kile.

4. Weka vipande kwenye sufuria nzito, upande wa mafuta chini, bila kuongeza mafuta. Nguruwe atajikaanga kwa mafuta yake. Geuza mpaka pande zote zipate rangi ya kahawia. Hatua hii usiiruke, harufu yote inatoka hapa.

5. Toa nyama. Kwenye mafuta yale kaanga vitunguu maji vitatu na hoho mbili mpaka vilainike. Weka nyanya mbili na maji ya limau moja. Rudisha nyama, ongeza maji yafike nusu ya nyama.

6. Ikichemka punguza moto, funika kwa mfuniko unaobana, weka jiwe safi juu kama mfuniko unacheza. Iache saa tatu na nusu. Kila baada ya nusu saa chungulia maji yasikauke. Usiichokonoe.

7. Imeiva pale unaposhika mfupa na kuuvuta ukatoka peke yake. Mama yangu wa kule kijijini, hilo ndilo jibu la swali lako. Rangi si kipimo, mfupa ndio kipimo.

8. Toa nyama, ichambue kwa uma mbili, engua mafuta yaliyoelea juu ya mchuzi uyatunze kwa kukaangia kabichi, kisha rudisha nyama kwenye mchuzi ichemke dakika kumi.

Sisi nyumbani tunaila na ugali wa ulezi na kachumbari yenye limau nyingi. Watoto wanaipenda ndani ya chapati. Kilo 2 zinatosha watu wanane, na huenda zikabaki za asubuhi.

"Bwana mifugo, kuni utatuletea wewe?"

Najua unachotaka kusema. Saa nne za moto, na uwanda huu wetu ni nyasi tupu, miti ya kuhesabu. Mkaa unapanda bei. Ni hoja ya kweli, na nilipoanza kuwahubiria watu upishi huu sikuwa na jibu. Tena jiografia yetu inaongeza mzigo. Sumbawanga tuko takribani mita 1,800 juu ya usawa wa bahari, na huku maji yanachemka kwenye nyuzi joto kama 94, si 100 kama Dar es Salaam. Ndiyo maana maharage yetu yanachelewa kuiva na wageni wanadhani ni ya zamani. Nyama nayo inachelewa. Mapishi ya video ya pwani yaongezee muda.

Jibu nililolipata ni kapu. Chukua kapu kubwa, au ndoo pana, au boksi. Jaza nyasi kavu chini na pembeni, unene wa kiganja na nusu, zikandamize. Tandika kitambaa. Shona mto wa mabaki ya nguo wa kufunika juu. Sufuria yako ikishachemka kwa nguvu dakika 45 ikiwa imefunikwa, iingize kwenye kapu ikiwa bado inatokota, funika kwa mto, weka blanketi juu, usifungue kwa saa tatu. Moto umezima, nyama inaendelea kuiva. Kisha irudishe jikoni ichemke tena dakika 45 au hadi mfupa utoke.

Masharti ni matatu. Sufuria iwe imejaa angalau robo tatu, maana sufuria tupu inapoa haraka. Vipande visizidi ngumi. Na nyama lazima ichemke tena kabla ya kuliwa, hilo halina mjadala. Ukiikuta imekuwa vuguvugu tu, ujue kapu lako linavuja joto, na sufuria hiyo imekaa mahali ambapo wadudu wa kuharibu chakula wanapapenda. Nyumbani kwangu njia hii imepunguza mkaa hadi chini ya nusu. Na nyasi, Ufipa hatujapungukiwa.

Wapo watakaosema hawana subira hiyo. Mimi si mwenyeji wa huku, nililetwa na kazi, na kilichonishangaza mwaka wa kwanza ni matuta ya intumba. Mkulima anafukia nyasi chini ya udongo, anaziacha zioze polepole, na msimu unaofuata anautawanya udongo ule na kupanda. Watu wanaoweza kuzisubiri nyasi zigeuke mbolea hawawezi kushindwa na sufuria ya saa nne.

Siwapigi vita wauza kitimoto

Niwe mkweli. Nyama iliyokatwa vipande vidogo, ikachemshwa, kisha ikakaangwa kwenye mafuta hadi ikakauka, haina shida. Wapo wakaangaji wazuri katika mji huu na mimi bado ni mteja wao. Ninachokikataa ni kipande kinene kilichobabuliwa kwa haraka kwa sababu mteja amegonga meza. Lawama hapo si ya mchomaji peke yake. Sisi wateja ndio tunaosema "lete hivyo hivyo". Siku hizi nikiona wekundu kwenye mfupa nairudisha jikoni, mbele ya watu, na nasubiri. Wanacheka kidogo, halafu na wao wanaanza kuangalia vya kwao.

Na kwa wenye majirani Waislamu au Wasabato: sufuria na kapu la nyama hii vitenge, usimwazime mtu bila kumwambia. Ujirani nao unatunzwa.

Sufuria peke yake haitoshi

Hapa ndipo ninapotaka tusidanganyane. Moto unamlinda mlaji, ila hauukati mzunguko wa tegu.

Mfugaji mmoja aliniita kukagua nguruwe wake kabla ya kuuza. Alikuwa amemnenepesha miezi tisa kwa ajili ya ada ya mtoto. Nilipokata nyama, vifuko vilikuwa vimejaa kama mtu amemwaga wali. Akaniambia, kwa sauti ya chini, "Lakini wewe mwenyewe ulitufundisha kupika saa nne. Nitaipika saa sita. Si watakufa?"

Watakufa, ndiyo. Lakini sikumruhusu. Nyama ile ikitoka pale haiendi kwenye sufuria moja ya mtu mwenye subira. Inagawanyika kwenye majiko ishirini, na kumi kati yake yana haraka. Tukaichimbia shimo. Alilia, na mimi nilirudi nyumbani bila hamu ya kula. Ada ya mtoto ilizikwa mle shimoni kwa sababu nguruwe yule aliachiwa azurure, na nyumba mbili za jirani hazikuwa na choo.

Kwa hiyo nakuomba mambo haya kabla hujaomba kichocheo kingine cha mapishi. Mfungie nguruwe bandani, mwaka mzima, si wakati wa mazao shambani tu. Chimba choo, kiwe na mlango ambao nguruwe hawezi kuusukuma, na kila mtu nyumbani akitumie, hata watoto wadogo. Nawa mikono kwa sabuni ukitoka chooni. Kabla ya kununua nguruwe wa kufuga, mwombe mwenye ujuzi akague chini ya ulimi wake; vinundu vikiwepo, usinunue. Visipokuwepo si uthibitisho kamili, lakini umepunguza hatari.

Na mifupa ya bega lako usiwatupie nguruwe wako. Homa ya nguruwe ya Afrika, ugonjwa ulioelezwa mara ya kwanza na Montgomery huko Kenya mwaka 1921, inasafiri pia kwa makombo ya nyama. Haimdhuru binadamu, lakini haina tiba, na inaweza kufagia banda zima kwa siku chache. Makombo ya jikoni yachemshe kwanza, mifupa ifukie.

Ombi langu la wiki hii

Jumapili hii jaribu kilo moja tu, kwenye sufuria ndogo ili ijae. Anza baada ya misa ya kwanza, mchana utakuwa unachambua. Waite majirani, na mkiwa mnakula waeleze kwa nini umechelewa kupakua. Mkutano wangu wa ugani haujawahi kusikilizwa kama unavyosikilizwa mbele ya sahani.

Mimi nilirudi kwa yule mama mwaka uliofuata, nikiwa na jibu. Alinisikiliza hadi mwisho, akauliza habari za kapu, akacheka, akasema, "Kumbe sasa unapika." Kisha akanionyesha nyuma ya nyumba. Alikuwa ameshajenga banda, na choo kilikuwa na mlango.